Nguo ya siku moja, deni la miezi mitatu

Kolwezi, 24 Aprili

Vijana wenzetu wa Dilala na wa Manika, ba yaya na ba mama munaotusoma kwenye telefone,

Juma lijalo ni 1 Mei. Katika magrupu ya WhatsApp ya muji huu, ujumbe ni ule ule: "Unifomu ilishafika. Mwenye hajalipa asije kulalamika." Ni kikwembe cha kampuni, mupira wa sendika, kofia ya shirika. Kesho yake tu, mbele ya hapo, 30 Aprili, walimu watakuwa na siku yao na kikwembe chao. Mwezi wa tatu ilikuwa 8 Machi. Mwezi wa kumi na mbili zilikuwa ndoa. Na katikati ya hayo yote, vilio: siku hizi hata kumuzika mutu kunaombwa mupira wenye picha yake kifuani.

Leo tunaandika juu ya nguo hizo za siku moja. Kuna mwenye atauliza: "Muji uko na vumbi, makamiyo yanaua watu barabarani, vijana wanafunikwa na udongo ndani ya mashimo, na nyinyi munakuja kutuambia juu ya vikwembe?" Ndiyo, tunakuja kuwaambia juu ya vikwembe. Deni la kikwembe liko ndani ya nyumba nyingi za Kolwezi. Feza hiyo inatoka mufukoni mwa mama, inavuka mupaka wa Kasumbalesa, na hapa haiachi hata mushono mumoja wa kazi. Kinachobaki kwetu ni kitambaa, na kitambaa hicho, kikishazeeka, tunakichoma nyuma ya nyumba, mbele ya pua za watoto.

Juu ya nini leo

Tumechagua tarehe hii kwa makusudi. 24 Aprili inarudi mara tatu katika historia ya nguo, na mara mbili kati ya hizo ni historia yetu wenyewe.

24 Aprili 1990, kule N'Sele karibu na Kinshasa, Mobutu alisoma hotuba iliyofunga wakati wa chama kimoja. Wengi wanakumbuka maneno juu ya vyama vingi. Wazee wetu wanakumbuka pia jambo lingine: siku hiyo kostimi na kravati vilipewa ruhusa tena. Karibu miaka 20 wanaume wa Zaïre walivaa abacost, na jina lenyewe, kwa Kifaransa, maana yake ni "kostimi iangushwe". Wanawake walikatazwa suruali, wakaambiwa kikwembe ndilo vazi lao. Tena vikwembe vingi vya wakati ule vilikuwa na kichwa cha mukubwa mbele na nyuma. Wazazi wetu wanajua maana yake Leta kukuvalisha.

24 Aprili 2013, Savar, karibu na Dhaka kule Bangladesh, jengo la Rana Plaza lilianguka. Watu 1134 walikufa, wengi wao wasichana na wanawake waliokuwa wakishona nguo za maduka ya Ulaya na Marekani. Siku moja mbele yake nyufa zilikuwa zimeonekana kwenye kuta. Asubuhi wakaambiwa warudi kazini. Kijana wa Kolwezi anaelewa hadithi hiyo bila mufasiri: ufa unaonekana, mukubwa anasema "muingie tu", na wenye wanaingia ni wale ambao nyumbani hakuna chakula.

24 Aprili 2016, Papa Wemba alianguka jukwaani Abidjan, akafa. Huyo ndiye aliyefundisha vijana wa Kongo, wakati Leta ilipokuwa ikiwapangia cha kuvaa, kwamba nguo ni uchaguzi wa mutu mwenyewe. Unaweza kumucheka musapeur mwenye viatu vya bei ya shamba, lakini yule alichagua. Hakuna grupu iliyomutumia ujumbe.

Kwa hiyo musitusome vibaya. Hatuko maadui wa kupendeza. Sisi ni watoto wa inchi ambayo mutu anaweza kulala na njaa lakini jumapili akatoka amepigwa pasi. Tunapenda kuvaa. Tunachokataa ni kuvalishwa, tena kwa deni.

Deni linavyoingia nyumbani

Mwenzetu mumoja ni mutoto wa mama muuza mikate katika kartye moja ya Manika. Mwaka huu, siku za 8 Machi, mama alihitaji vikwembe viwili: kimoja cha kikundi cha akina mama wa kanisa, kimoja cha chama cha wauzaji wa soko. Kila kimoja kiko na rangi yake, kila kimoja kinataka mushono wake na kitambaa chake cha kichwa. Hakuwa na feza. Alipokea zamu yake ya likelemba, ile aliyokuwa ameiwekea karo ya mutoto, akaiweka ndani ya vikwembe. Iliyobaki alikopa. Aliandamana, alipigwa picha, alirudi nyumbani saa kumi. Leo, wiki sita baadaye, bado analipa, na hesabu inaonyesha atamaliza mwezi wa sita. Kikwembe cha kwanza alikifua mara mbili, rangi ikabaki ndani ya beseni.

Juu ya nini hakukataa? Tulimuuliza. Alitujibu: "Bote banavaa, miye peke yangu nitasimama wapi?" Hilo jibu ndilo kiini cha mambo. Hakuna sheria inayomulazimisha. Kuna macho ya watu. Kuna mustari wa gwaride ambamo mwenye hana unifomu anawekwa nyuma, ao anaombwa kwa upole atazame toka pembeni. Tunajua fasi za kazi ambazo kibarua asiye na kikwembe cha sikukuu hakuandikwa kati ya waliokuwepo. Tunajua familia ambamo shangazi alikosa kiti kwenye ndoa ya mutoto wa kaka yake juu ya kitambaa. Siku iliyowekwa kwa ajili ya heshima ya mwanamuke inageuka siku ya kupima nani anacho na nani hana.

Na hapo tunakumbusha: 8 Machi ilizaliwa ndani ya mapigano ya wafanyakazi. Ilikuwa mwaka 1910, kule Copenhagen, Clara Zetkin alipoomba iwepo siku ya wanawake wa dunia nzima, juu ya haki zao za kura na za kazi. Mwaka uliofuata, 25 Machi 1911, moto ulishika kiwanda cha kushona cha Triangle kule New York, milango ilikuwa imefungwa, na wafanyakazi 146 walikufa, wengi wasichana wahamiaji. Siku ya wale washonaji, sisi tumeigeuza soko la kitambaa.

Wanasiasa walilielewa hilo soko zamani. Kampeni ya 2023 ilianza 19 Novemba na kura ilikuwa 20 Desemba. Mwezi mumoja tu, na muji ulijaa mipira ya njano, ya kijani, ya buluu, yenye vichwa vya watu ambao wengi wao hawakuonekana tena katika kartye tangu siku ile. Leo mipira hiyo inasugua magari na kupangusa sakafu. Vikwembe vyenye kichwa cha mukubwa havikwisha na Zaïre. Vilibadilisha vichwa tu.

Nguo zetu zinatoka wapi

Tuzungukeni soko pamoja, juu mwenye kununua anapaswa kujua ananunua nini.

Kwa juu kabisa kuna wax ya Uholanzi. Vlisco inatengeneza vitambaa Helmond tangu 1846, na mutindo wenyewe Waholanzi waliuiga kwa batiki za Java. Ni pamba, rangi inapita pande zote mbili, bibi anaweza kukirithisha kwa mujukuu. Yadi 6 zinauzwa kwa makumi ya dola, kwa hiyo kwa watu wengi ni nguo ya mahari na ya sanduku.

Chini yake kuna wax za China, kama Hitarget, na chini zaidi kuna zile zisizo na jina, zinazoiga michoro ya zote mbili. Hizo ndizo zinazobeba unifomu nyingi. Wax ya kuigiza ni rahisi kuagiza kwa wingi, inafika haraka, na kwenye picha ya telefone haitofautiani na ile ya kweli. Nyingi yake haiko pamba, ni poliesta, ao pamba iliyochanganywa na poliesta. Poliesta inatoka kwa petroli. Kwa maneno mengine ni plastiki iliyovutwa ikawa uzi, na leo zaidi ya nusu ya nyuzi zote zinazotengenezwa duniani ni hizo.

Unataka kujua umenunua nini? Vuta uzi mumoja pembeni ya kikwembe, uuchome na kiberiti juu ya sahani. Uzi wa pamba unaungua kama karatasi na kuacha majivu laini. Poliesta inayeyuka, inatoa moshi mweusi, na inaacha kidonge kigumu. Fanya hivyo mbele ya muuzaji aliyekuambia "pamba tupu", uone uso wake.

Kisha kuna friperi, ile ambayo ndugu zetu wa Zambia wanaita salaula, neno la Kibemba lenye maana ya kuchagua kwa kupekua rundo. Inafika ndani ya mabalo, kwa makamiyo yanayotoka bandari za Dar es Salaam na Durban mpaka Kasumbalesa, halafu Lubumbashi, Likasi, na huku. Mama anayenunua balo hajui ndani kuna nini. Siku nzuri anapata makoti na jeans. Siku mbaya anapata nguo zilizopasuka na za baridi kali ya Ulaya, na hasara ni yake. Mwenye aliitupa hasara hiyo kule, alipata pongezi kwamba ametoa sadaka.

Na tangu miaka michache kuna soko la nne, lile la telefone: status, live ya Facebook, TikTok. Musichana anaagiza gauni la sikukuu ya kuzaliwa toka China ao Dubai kupitia mwenye kukusanya mizigo. Linavaliwa mara moja, linapigwa picha, na kwa sababu picha ilishapita kwenye status, kulivaa mara ya pili kunaonekana haya. Tuseme ukweli, wandugu: hapo hakuna mukubwa wa kulaumu. Ni siye wenyewe tunaochekana.

Na viwanda vyetu? Vilikuwepo. Kalemie ilikuwa na Filtisaf, iliyosokota na kufuma pamba ya inchi hii. Kilifungwa. Kinshasa ilikuwa na Utexafrica, nayo ilinyamaza. Kisangani iko na Sotexki, inayopumua kwa taabu. Babu zetu walilimishwa pamba kwa nguvu wakati wa Wabeleji, na mwenye hakulima alipigwa. Kwa miaka mingi tulitoa pamba kwa viboko. Leo tunanunua plastiki kwa deni.

Takataka ya Kingamyambo na takataka ya nyumbani

Kila mutu wa hapa anaijua Kingamyambo. Ni mabaki ambayo mashine za Kolwezi zilitapika miaka na miaka, udongo ulioshakamuliwa shaba, mengine yakaenda na bonde la muto Musonoi. Wazee waliita takataka. Lakini ndani yake kulibaki shaba na kobalti, na takataka hiyo ikagombaniwa na makampuni ya dunia. Leta iliondoa mukataba wa First Quantum, kesi zikaenda mbele ya waamuzi wa kimataifa, na mwaka 2012 ENRC ilikubali kulipa dola bilioni 1,25 ili kumaliza ugomvi huo na kuchukua mali ambazo First Quantum ilikuwa bado nazo Kongo. Tangu 2018 Metalkol inayaosha upya mabaki hayo na kuuza kinachotoka.

Somo liko wazi. Takataka yenye feza ina mwenyewe, ina mulinzi, ina wakili. Takataka isiyo na feza inaachwa kwa mama na ufagio wake.

Nguo iliyochakaa iko katika hilo kundi la pili. Hapa Kolwezi hakuna gari linalopita kartye zote kukusanya taka, na hakuna fasi inayopokea kitambaa. Kwa hiyo tunafanya mambo matatu. Tunatupa ndani ya mifereji, na mvua za mwezi wa kwanza zikifika, maji yanakuta mufereji umezibwa na sachet na mipira ya kampeni, yanaingia nyumbani. Tunafukia, na poliesta haiozi kama pamba, mutoto wako ataichimbua ikiwa bado na rangi. Ao tunachoma. Moshi wa pamba ni moshi. Moshi wa poliesta ni moshi wa plastiki, na tunauongeza juu ya vumbi la kiangazi ambalo tayari linatukohoza tangu mwezi wa tano mpaka wa tisa.

Hata mbele ya kutupwa, nguo hiyo iko na kazi yake. Kila ukifua poliesta inaachia nyuzi ndogo sana, macho hayazioni, zinaenda na maji ya beseni mpaka mutoni. Na hata pamba haiko bure. Inahesabiwa kwamba mupira mumoja wa pamba unataka karibu lita 2700 za maji, tangu shambani mpaka kiwandani. Wewe unayebeba maji kwa bido ya lita 20, fanya hesabu: ni bido 135 kwa mupira ambao mugombea alikugawia bure. Haukuwa bure. Ni mutu mwingine aliyelipa, fasi nyingine.

Wenye wanatujibu

Tuliposema haya katika mikutano ya kartye, tulisikia majibu matatu. Tunayajibu hapa, kwa heshima.

La kwanza: "Unifomu inaleta umoja. Mutu anaonekana ana watu." Ni kweli, na hatutaki kuiua. Lakini umoja unaweza kuwa rangi bila kuwa kitambaa. Kikundi kikisema "siku hiyo wote kijani", mama anachukua kijani aliyo nayo. Nani atasema hawako pamoja? Katika miaka hii ya vita vya mashariki tumesikia wanawake wakiombwa kuvaa nyeusi juu ya ndugu zao wa Kivu na Ituri. Nyeusi haikuhitaji kuagizwa toka Guangzhou, na ilisema neno zito kuliko kikwembe chochote.

La pili: "Ba mama wa soko wanaishi kwa vikwembe hivyo na kwa friperi. Munataka wafe njaa?" Hapana. Hatuombi mipaka ifungwe kesho. Mwaka 2016 inchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki zilikubaliana kuondoa nguo za mitumba polepole mpaka 2019. Rwanda ilipandisha ushuru toka senti 20 mpaka dola 2,50 kwa kilo, Marekani ikakasirika, na mwaka 2018 ikaiondolea nguo za Rwanda ruhusa ya kuingia kwake bila ushuru. Wengine walirudi nyuma. Kongo imeingia katika Jumuiya hiyo mwaka 2022, na mjadala huo utatufikia. Tunasema mapema: kufunga bila kuwa na mafundi walio tayari ni kumunyanganya mama balo lake na kumupa magendo. Kwanza tujenge, halafu tupunguze.

La tatu: "Hii ni kazi ya Leta, siye raia tutafanya je?" Sehemu moja ni ya Leta, na tutaidai. Sehemu nyingine iko ndani ya sanduku lako.

Tunachodai

Kwa makampuni ya migodi. Nguo nyingi katika muji huu haziko vikwembe. Ni salopeti za kazi. Maelfu ya wafanyakazi wanazivaa kila siku, zinachakaa, zinabadilishwa. Nani anazishona? Sheria 17/001 ya 8 Februari 2017 inasema kazi ambazo kampuni kubwa zinatoa nje zipewe makampuni yenye mutaji wa Wakongomani. Tunadai kila kampuni ya Lualaba itangaze wazi, kila mwaka, imenunua salopeti ngapi, kwa nani, na ngapi kati yake zimeshonwa Kolwezi. Na zile zilizochakaa zisiachwe bila mwenyewe: zimebeba vumbi la madini, hazifai kufika soko la friperi wala jikoni kama kitambaa cha kupangusia.

Kwa kamati zinazosimamia feza za jamii. Kodi ya migodi ya 2018 inataka kampuni itoe angalau 0,3 kwa mia ya mauzo yake kwa maendeleo ya jamii zilizo karibu na mugodi. Katika kila orodha ya miradi tunaona mabati na saruji. Tunadai safari hii tuone pia mashine za kushonea na vyumba vya kujifunzia, kwa wasichana na wavulana ambao leo njia yao pekee ni shimo.

Kwa mukubwa wa muji na wa komini. Kodi hiyo hiyo inasema 15 kwa mia ya redevance ya migodi inaenda kwa mamlaka za chini, pale mugodi ulipo. Feza hizo zinafanya nini juu ya taka? Tunadai ziwepo fasi za kukusanyia zinazojulikana, na gari linalopita kwa siku inayojulikana. Katiba yetu, kifungu cha 53, inampa kila mutu haki ya mazingira safi. Decret ya 30 Desemba 2017 ilikataza sachet za plastiki, na leo asubuhi tulinunua karanga ndani ya sachet. Tumechoka na karatasi. Tunataka gari.

Kwa mashule. Bleu-blanc ya watoto ishonwe na mafundi wa kartye, na muzazi awe huru kununua fasi anayotaka. Shule inayouza unifomu yake yenyewe kwa bei yake yenyewe inarudisha kwa dirisha karo iliyotoka kwa mulango.

Kwa vyama vya siasa. 2028 haiko mbali. Tunawaambia mapema: mupira na kikwembe haviko programu. Tutapiga picha kila mugao, na tutauliza kila mugombea gharama yake ingenunua madawati mangapi.

Kwa waajiri na viongozi wa makanisa, sendika na mashirika. Andikeni wazi katika ujumbe wenu: unifomu ni hiari, na asiyekuwa nayo atasimama mustari wa mbele kama wengine. Sentensi moja tu. Haitawagharimu kitu, na itaokoa zamu nyingi za likelemba.

Tunachofanya sisi

Kudai bila kuanza ni mazoea ya wanasiasa. Kwa hiyo tumekubaliana hivi kati yetu.

Harakati yetu haitatengeneza mupira mupya kwa kila tendo. Mupira mumoja, bila tarehe juu yake, mpaka upasuke. Tuliwahi kutengeneza mipira yenye tarehe, na ikawa takataka kesho yake. Kosa hilo tunalikubali.

Ndoa za wanamemba wetu zitaomba rangi, hazitaomba kitambaa. Mwenye anataka gauni la arusi ao kostimi ya siku moja aende kwa wenye kukodisha, wako wengi mujini, na hiyo ndiyo hekima ambayo ba mama wa maduka ya arusi walituonyesha zamani: nguo moja, maharusi makumi. Toge za wahitimu ni vile vile.

Tutaanza kuorodhesha, kartye kwa kartye, mafundi wa kushona wanaokubali kugeuza kikwembe cha zamani kuwa shati, mufuko wa soko, nguo ya mutoto. Kama unamujua fundi mwenye mukono muzuri Kasulo, Kapata, Luilu ao Musonoi, muambie. Atakayefanya kazi alipwe vizuri. Kushona upya ni kazi kubwa kuliko kushona mpya, fundi yeyote atakuambia.

Na 1 Mei tutakuwa barabarani pamoja na wafanyakazi, na nguo tulizo nazo. Mwenye kikwembe cha 8 Machi ya miaka mitano nyuma, akivae. Mwenye mupira wa kampeni, augeuze ndani nje, kichwa cha mugombea kibaki upande wa jasho. Mama muuza mikate tuliyemutaja amesema atakuja na kikwembe cha mahari yake mwenyewe, kile cha wax ya kweli, alichokificha miaka yote akingoja siku inayokifaa. Tumemuomba asimame mustari wa mbele.

Ukiona mutu amewekwa pembeni siku hiyo kwa sababu hana unifomu, usimupige picha. Mushike mukono, muingize ndani ya mustari wenu.

Muji ni wetu, feza ni za jasho letu, na mwili unavalishwa na mwenyewe.

Vijana wa Kolwezi